Mimba ya Samaki

Aibu nimeipata, siikatai, tena nimeipata mbele ya watu waliovaa vizuri, mbele ya wateja wa duka na mbele ya simu iliyokuwa wazi ikinionyesha kwa mashangazi wote wa mume wangu, walioko Ulaya na walioko Gujarat. Lakini hiki kinachosemwa sokoni Kashikishi, kwamba mke wa Nilesh alijitia mimba ya uongo ili mama mkwe wake ampende, hapana, hicho nakikataa. Kaeni niwaeleze mwenyewe. Na sauti yangu ikipanda mnisamehe, maana nilidhani hasira itaisha baada ya wiki moja, kumbe kila nikikoroga dengu inarudi upya.

Mimi ni Bhavna, mzaliwa wa Lubumbashi. Baba yangu aliuza vitenge kule mjini, kwa hiyo Kigujarati nilikipata kwa mama na Kiswahili nilikipata dukani na barabarani, na nikikasirika ni hicho cha barabarani kinachotoka. Nimeolewa hapa Nchelenge miaka mitano sasa, na Nilesh, yule wa duka la nyavu. Nyumbani tuko watatu: mimi, Nilesh, na mama yake ambaye sote tunamwita Ba, ndiyo kusema mama. Wa nne ni simu. Msicheke. Wifi yangu Pinal anaishi Ulaya lakini kila asubuhi yuko jikoni kwangu, ameegemezwa kwenye kopo la sukari, anatazama ninavyosukuma chapati na anasema leo zimekuwa nene, kisha Ba anamgeuza aone sufuria, anamgeuza aone friji, anampeleka kwenye kona ya sala asikie kengele. Mwanamke ambaye hajakanyaga Nchelenge tangu aolewe anaijua friji yangu kuliko mimi.

Sasa, nyumbani kwa Ba hakuna nyama, hakuna yai, hakuna samaki. Siyo mzaha, ni dini ya watu, na mimi mwenyewe nililelewa hivyo. Lakini fikirieni nyumba ya namna hiyo imejengwa wapi: hapa ukingoni mwa ziwa Mweru, mahali ambapo chisense, dagaa wa huku, wanaanikwa mchangani mpaka nguo ulizofua zinanuka dagaa. Duka letu linauza nyavu, nyuzi, maboya, taa za kuvulia, kila kitu cha kumtoa samaki majini, ila samaki mwenyewe haruhusiwi kuvuka kizingiti. Mteja akitoka ziwani moja kwa moja na mikono yake inayonuka samaki, Ba anawasha udi kabla hata hajamuuliza anataka nini.

Na aliyekuwa akiivunja sheria hiyo ni nani? Nilesh. Hilo mliweke kichwani kabla sijaendelea. Nilesh alizaliwa hapa, alikua na watoto wa wavuvi, alianza kula samaki akiwa mdogo kwenye mitumbwi ya watu wa Kilwa, kile kisiwa cha ziwani humu, na hajaacha mpaka leo. Mwaka wa kwanza wa ndoa alinipeleka kwa Mama Furaha, mwanamke wa kutoka Pweto ng'ambo ya ziwa, aliyekimbia vita na sasa anakausha samaki kwa moshi nyuma ya soko. Nilesh akanimegea kipande cha samaki aina ya mpale na bukari, ugali wao wa muhogo, akasema, "Jaribu tu, Ba hatajua." Nikajaribu. Alikuwa mtamu, niseme nini? Tangu hapo kila alipokuwa na nyavu za kupeleka tulikula garini, tukanawa kwa limau, tukatafuna iliki njia nzima mpaka nyumbani. Mimi (mjinga) niliyahesabu hayo kuwa mapenzi.

Basi Jumamosi moja Nilesh alikwenda Mansa kufuata bidhaa, akaniambia nipitie kwa Mama Furaha nichukue fungu lake la samaki. Ningeweza kuliacha palepale, yeye mwenyewe angelifuata akirudi, lakini wingu la mvua lilikuwa limeshafunga na nilikuwa mbioni, nikaona nilipeleke tu nyumbani, litakaa usiku mmoja. Ni hilo tu. Mnajua kila nyumba ya Kihindi ina makopo ya aisikrimu yasiyo na aisikrimu: moja lina dengu za jana, moja lina pilipili, moja lina maziwa ya mgando, na ukiitafuta aisikrimu yenyewe huioni. Nikachukua kopo moja, nikapanga samaki ndani, nikaandika juu yake "karela", ile mboga chungu ambayo hata Ba akiipika anaila kwa kuikunjia uso, nikajua hapo hakuna wa kufungua. Nikalisukuma mwisho kabisa wa friji.

Umeme wetu mnaujua. Ulikatika jioni ileile, ukarudi kidogo kama mtu aliyesahau kofia, ukaondoka tena. Gari la Nilesh nalo likamharibikia njiani, akachelewa sana kurudi. Aliporudi alinikuta jikoni, Ba yuko bafuni, akalitoa kopo, akanusa, akasema yuko sawa. Nikamwambia, Nilesh, huyu amekaa kwenye joto. Akanijibu, "Wa moshi haharibiki," na kwa kuwa yeye ndiye mtoto wa ziwa nikamwamini. Tukala tumesimama, kwa haraka, kama wezi. Alipomeza kipande kimoja tukasikia mlango wa bafuni, akajipangusa mdomo na kuondoka zake, akaniacha mimi na kopo. Nikakimalizia kilichobaki ili nilioshe kabla Ba hajaingia.

Kesho yake asubuhi tulikuwa kwenye sala. Ba anapiga kengele, taa ya samli inawaka, na Pinal siku hiyo alikuwa amewaunganisha mashangazi wote, kila mmoja na kidirisha chake kwenye simu, wanapiga makofi na kuimba, mmoja yuko nyuma ya mwenzake kwa sababu ya mtandao. Ile harufu ya samli ilinipanda. Nikageuka nikimbilie nje, sikufika. Nikatapikia kapu la maua ya miungu, na sikutapika mara moja.

Mahali pengine popote kwenye ziwa hili, mwanamke akitapika swali la kwanza ni amekula samaki gani. Kwetu swali hilo halikuwa na pa kuanzia. Usiku uliotangulia sote tulikula dengu ileile na chapati zilezile, Ba mzima, Nilesh mzima, mimi peke yangu nimelala juu ya kapu, na mimi ni mke wa miaka mitano bila mtoto. Ba aliacha kengele ikining'inia mkononi. Akanitazama, macho yakamjaa machozi, akasema, "Beta." Mwanangu! Miaka yote hiyo aliniita vahu, mke wa mtoto, na mara nyingine hakuniita kabisa, alikuwa akigonga kijiko mezani. Kwenye simu Pinal akapiga kelele, mashangazi wakapokea kelele, na kabla sijafuta mdomo Ba alikuwa ameshaniwekea kipande cha sukari guru juu ya ulimi.

Nilimvuta Nilesh chumbani.

"Kamwambie ni samaki."

"Samaki? Unataka nimuue mama yangu?"

"Basi kamwambie ni tumbo tu."

"Nimemwambia, amenicheka." Akakaa kitandani, akaanza kukuna goti. "Nipe muda kidogo, Bhavna. Diwali ipite, nitamweleza taratibu. Tena nani anajua, pengine kabla ya hapo itakuwa kweli."

Pengine itakuwa kweli! Hapo nilitafuta kitu cha kumrushia nikakosa. Sikilizeni, nilishakwenda Ndola kwa daktari, nikapimwa kila kitu cha kupimwa, daktari akaniambia mama, wewe huna tatizo, mwambie na mzee aje. Nikamwambia mzee. Mzee akasema duka atamwachia nani (duka hilohilo analoliacha kwenda kutazama mpira Mununga). Miaka miwili ikapita hivyo. Na Ba alipouliza daktari amesema nini, Nilesh alimjibu kwamba amesema tusubiri, basi Ba akajua shida iko kwangu, na dawa zote nikanywa mimi, nyuzi zote za baraka nikafungwa mimi mkononi, na Jumatatu zote nikafunga mimi nikizunguka na njaa jikoni huku mwanaume mwenyewe yuko kwa Mama Furaha anachambua miiba.

Nikampa muda. Msiniulize kwa nini. Alikuwa na uso wa kuonewa huruma, na mimi nilikuwa bado naumwa tumbo.

Desturi yetu inasema mimba isitangazwe mpaka miezi ya kwanza ipite, kwa kuogopa jicho la watu. Ba mwenyewe ndiye aliyenifundisha desturi hiyo, na Ba mwenyewe aliivunja kabla ya chakula cha mchana. Aliwaambia wanunuzi wa nyuzi, akamwambia mama wa nyumba ya pili, akamwambia dereva wa lori la saruji ambaye hata hatumjui. Pinal akachagua jina, Aarav, bila kuuliza kama ni mvulana au msichana au mpale. Na kwa kuwa hapa mwanamke anaitwa kwa jina la mtoto wake, wiki haikuisha wanawake wa sokoni walikuwa wameanza kuniita mama Aarav kwa Kibemba chao na kunisalimu, "Bana Aarav, mwapoleni! Bana Aarav, njooni muone nyanya!" Miaka mitano nilikuwa naitwa madamu tu. Naweza kuwaambia mengi ya kuchekesha juu ya mkasa huu lakini jina hilo halinichekeshi, lilikuwa linaingia ndani na kukaa.

Nikaamua kununua kile kipimo cha mkojo, nimwonyeshe Ba kwa macho yake. Muuza dawa akakifunga kwenye karatasi kwa tabasamu, na waliokuwa nyuma yangu kwenye foleni wakaona, basi waliokuwa bado na shaka shaka ikawaisha. Kipimo kikasema hakuna kitu. Ba akakigeuzageuza, akaniambia kipande cha plastiki hakiwezi kujua mambo ya Mungu, akakitupa.

Mtu pekee niliyemwambia ukweli ni Mama Furaha. Alicheka mpaka akashika mbavu, kisha akaacha kucheka.

"Mutoto wa kwetu," akaniambia, "ile samaki yenye ilibakia mu frigo bila kuran, umeme hakuna, banaitupaka. Mbona ulikula? Juu ya nini?"

"Bwana yangu alisema iko bien, haijaharibika."

"Bwana yako!" Akageuza samaki wake juu ya moto kwa hasira kana kwamba ndiye Nilesh. "Ambia ule mama sasa. Leo. Ukingojea, itakuwa mubaya."

Sikwenda kumwambia, na nitawaambia kilichonizuia. Ba alikuwa amebadilika. Yule mwanamke aliyekuwa akisema chumvi imezidi kabla hajaonja, sasa alinipakulia mimi kwanza, mwanawe baadaye. Alinitengenezea vitumbua vya samli na lozi, alinipaka mafuta miguuni jioni akiwa amekaa sakafuni, mtu wa umri wake, na akanisimulia habari za mama yake ambazo hata Nilesh hazijui. Siku moja nililia. Akasema ni kawaida, hata yeye alilia hivyo wakati wa Nilesh. Nilimchukia Nilesh siku hiyo kuliko siku yoyote, kwa sababu mapenzi hayo niliyangoja miaka mitano na yalipofika yalikuwa ya mtu asiyekuwepo.

Kisha siku moja kabla ya Diwali damu yangu ya mwezi ikaja.

Hapa lazima niwaeleze. Nyumbani kwa Ba mwanamke akiwa katika siku zake haingii jikoni na hakaribii kona ya sala, haligusi hata kapu la maua, anapumzika chumbani mpaka zipite. Wengi wameshaacha, Pinal kule Ulaya ameacha zamani, lakini Ba hajaacha na hataacha. Kwa hiyo nikikaa chumbani siri imefichuka, na nikitoka nimeichafua sala ya mwanamke mzee siku kubwa kuliko zote za mwaka. Nikamwambia Nilesh, leo ndiyo leo, nenda ukamwambie. Alikuwa juu ya ngazi anafunga taa za rangi mbele ya duka.

"Vumilia kesho tu," akasema bila kushuka. "Nani atajua?"

Siku ya Diwali uwanja wa mbele ya duka ulijaa. Familia za Kihindi zilitoka Mansa na Kawambwa, wateja wakubwa walikuja na wake zao, kina mama wa kanisa la jirani walikuja kwa sare zao kwa sababu Ba huwapelekea sukari kila Krismasi, na Mama Furaha alikuja na kitenge chake kipya na mkungu wa ndizi. Simu ilisimamishwa juu ya kiti kirefu, mashangazi wote ndani. Jua lilikuwa linazama upande wa ziwa. Nilikuwa nimejibana mlangoni na sari yangu nyekundu, nikiomba nisionekane, ndipo Ba akatoka na sinia la taa za udongo, akaomba watu wanyamaze, akasema kwa Kigujarati kisha kwa Kibemba chake cha duka kwamba kila mwaka taa ya kwanza anaiwasha yeye, lakini mwaka huu ataiwasha mama wa mjukuu wake. Watu wakapiga vigelegele. Akanipa utambi unaowaka.

Nikamtazama Nilesh. Akatikisa kichwa, kwamba endelea, washa.

Niwaambie ukweli, mimi siamini kwamba Mungu anachukizwa na damu ambayo ameiweka mwenyewe. Lakini Ba anaamini. Ni sala yake, ni nyumba yake, na alikuwa amenipaka mafuta miguuni. Mwanawe alikuwa ananiambia nimdanganye hata hapo, mbele ya miungu yake, na alinitikisia kichwa kama mtu anayemwambia mpagazi aweke mzigo pale.

"Ba, siwezi," nikasema polepole. "Niko katika siku zangu."

Nilidhani nimemaliza. Kumbe Ba hakusikia kwamba hakuna mimba, alisikia kwamba mimba inatoka. Sinia likaanguka, taa zikavunjika, akapiga ukelele ambao watu waliusikia mpaka bandarini: mtoto! mtoto anakwenda! Na uwanja mzima ukanirukia. Mmoja amenishika kichwa, mwingine miguu, nasema niko mzima hakuna anayesikiliza, wakanilaza juu ya rundo la nyavu mpya lililokuwa karibu, kina mama wa kanisa wakaanza wimbo wa kuombea wagonjwa, mtu ananipepea kwa sinia la laddu, zile tamutamu za Diwali, na laddu zinaniangukia kifuani, Pinal analia kwenye simu, na mke wa mteja mmoja anapiga kelele leteni gari, leteni gari. Gari likarudi nyuma likafika. Wakaniinua. Bangili zangu na pini za sari zilikuwa zimeshika matundu ya wavu, nikajaribu kujinasua nikajizungusha zaidi, basi waliponiinua waliniinua na wavu wote, nimekunjamana ndani mguu mmoja juu, na kuna mtu nyuma (sijamjua mpaka leo, na aombe Mungu nisimjue) alicheka.

"Mumuache! Batu, mumuache kwanza!" Mama Furaha alikuwa anasukuma watu kwa viwiko. "Huyu hana mimba! Hakukuwaka na mimba! Alikula samaki ya kuoza, akatapika, basi!"

Wimbo ukakatika. Wakanishusha. Ba alisimama juu yangu, na Kiswahili cha kuwauzia watu wa Kongo nyavu anakijua vizuri.

"Samaki gani?" akauliza. "Katika nyumba yangu?"

Mama Furaha akaziba mdomo kwa mkono, lakini neno lilikuwa limeshatoka. Ba akanitazama mimi, nimekaa ndani ya wavu na laddu kifuani, na uso wake ule wa siku zote nilizokuwa mwanawe ukafungwa. "Ndiyo sababu," akasema. "Miaka yote najiuliza nimemkosea nini Mungu. Kumbe ni wewe. Unakula samaki ndani ya nyumba ya sala, halafu unataka Mungu akupe mtoto."

Watu wote walisikia. Nikamgeukia Nilesh, alikuwa kando ya gari na funguo mkononi. Ilikuwa kazi ya neno moja. Aseme ni wangu, ni mimi niliyemlisha, basi. Nilimngoja. Sote tulimngoja.

"Ba, tulia, presha yako," akasema. Kisha kwangu, "Bhavna, twende ndani."

Ndani! Hapo Lubumbashi yote ilinitoka.

"Siende ndani! Sema hapa! Ile samaki ni ya nani? Si weye ulinifundisha kula? Si weye unakulaka tangu uko mutoto? Na munganga wa Ndola, aliita nani? Miye alinipima, akasema sina kitu, akasema bwana akuye! Miaka mbili unakatala kwenda! Miaka mbili mama yako ananikunywesha madawa juu yako! Ambia batu, Nilesh! Sema!"

Pinal, ambaye alikulia hapahapa na Kiswahili anakielewa, akazima simu. Kina mama wa kanisa wakatazama viatu vyao. Mama Furaha alikuwa amepiga magoti karibu yangu, ameazima mkasi wa dukani ili anifungue, akaanza kukata uzi uliokuwa umenikaba mkono, na hapo ndipo mume wangu aliponyoosha mkono na kusema kwa sauti ambayo kila mtu aliisikia:

"Usikate! Ni mpya hiyo!"

Hata Mama Furaha, ambaye ameona mengi, alibaki na mkasi hewani. Ba alimgeukia mwanawe, akamuuliza kwa Kigujarati, kwa sauti ndogo, kama ni kweli. Nilesh akazitazama funguo. Ba akaunyakua mkasi mkononi mwa Mama Furaha, akainama, na akaukata wavu ule mwenyewe kuanzia begani mwangu mpaka miguuni, wavu mzima, haukufaa tena hata kufunika kuku. Kisha akaokota taa moja isiyovunjika, akaiwasha, akaingia ndani. Wageni wakala laddu zilizobaki, maana zilikuwepo, wakaaga.

Siku zilizofuata Ba hakusema nami wala na mwanawe. Alisugua jiko kwa majivu, akatupa makopo yote ya aisikrimu, hata yenye dengu. Mimi nilipika nikaweka mezani, alikula, hakusema chumvi imezidi wala imepungua. Kisha asubuhi moja nikatoka nikakuta duka limefungwa kufuli, gari linaunguruma, Nilesh yuko kwenye usukani na uso wa mtoto anayepelekwa kuchomwa sindano, na Ba amekaa kando yake na sari nyeupe, mkoba mapajani. Akateremsha kioo.

"Tunakwenda Ndola," akasema. "Funga geti."

Hakuniomba msamaha na hajaniomba mpaka leo. Kwa mashangazi mimi bado ni yule mla samaki, nimejitoa kwenye kikundi chao cha simu na sitarudi. Sokoni bado kuna wanaojisahau na kuniita Bana Aarav, halafu wanajishika mdomo, na mimi nachagua nyanya kana kwamba sijasikia. Samaki nakula kwa Mama Furaha, nimekaa upande wa barabara, mchana, anayetaka kutazama atazame.

Majibu ya Ndola yametoka. Naona mnasogeza viti. Siwaambii. Nilimfichia Nilesh samaki, nikamfichia maneno ya daktari, nikabebwa mbele ya watu kama samaki wavuni kwa sababu mdomo wake ulikuwa hauwezi kufunguka, na nimeapa, kwa Mungu wa Ba na kwa wenu, sitamsemea tena mwanaume ambaye ana ulimi wake. Duka liko wazi mpaka jioni. Nendeni mkamuulize.